Je, wajua kwa nini tanzanite nyingi hutoka ardhini zikiwa za kahawia?

Mtunzi wa hadithi za kichawi angebuni jiwe linalochimbwa kwenye vilima vya mahali pamoja tu duniani, lenye rangi tatu kutegemea upande unaolitazama, na lisiloiva bluu yake mpaka lipite motoni, angeambiwa ametia chumvi. Jiwe hilo lipo. Linachimbwa Mererani, wilayani Simanjiro, mkoani Manyara, na tangu 2018 eneo lake limezungukwa na ukuta wa kilomita 24.5.

Tanzanite ni aina ya zoisaiti, madini ya kalisi, alumini na silika. Zoisaiti yenyewe si adimu; ilipewa jina mwaka 1805 baada ya kupatikana huko Austria, na hupatikana nchi nyingi ikiwa ya kijivu, ya kijani au ya waridi. Kilicho adimu ni zoisaiti angavu iliyopata vanadiamu, metali inayoipa bluu yake, wakati wa kuumbika. Vanadiamu ya Mererani ilitokana na tope jeusi la bahari ya kale, ambalo baadaye lilikandamizwa na kupikwa chini ya milima hadi likawa mwamba wenye grafiti, kaboni nyeusi kama ya ndani ya penseli. Hiyo ilikuwa takriban miaka milioni 585 iliyopita. Ule weusi unaowaganda wanaapolo, yaani wachimbaji, wanapotoka shimoni ni grafiti hiyo hiyo, kwa hiyo weusi wao na bluu ya jiwe ni ndugu wa tumbo moja.

Sasa rangi. Ndani ya fuwele ya tanzanite atomi hazikupangwa sawa pande zote. Fikiria ubao: ukiupasua kufuata nyuzi zake unaachia kirahisi, ukiukata kwa kukingama unakataa. Mwanga nao hupokelewa tofauti kwa kila mwelekeo. Shika fuwele ghafi mbele ya taa na uizungushe: upande mmoja utaona bluu, wa pili zambarau inayoelekea wekundu, wa tatu kahawia au kijani cha manjano. Hiyo rangi ya tatu ndiyo inayoharibu mambo, maana huchanganyika na zile mbili na kulifanya jiwe zima lionekane kama chupa ya bia.

Kahawia hutokea kwa sababu jiwe linameza sehemu ya mwanga wa bluu, karibu na urefu wa wimbi wa nanomita 450. Joto hubadili chaji ya baadhi ya atomi za metali zilizomo ndani, na umezaji huo hutoweka. Kwa muda mrefu vanadiamu ndiyo iliyotajwa kuwa chanzo cha mabadiliko hayo. Tafiti za karibuni zinaelekeza kwenye titani. Vyovyote iwavyo, moto hauongezi bluu. Unaondoa pazia lililoifunika. Ndiyo maana jiwe hafifu lenye vanadiamu kidogo litatoka tanurini likiwa safi lakini bado hafifu, hata ulirudishe mara kumi. Yapo pia machache yanayochimbwa yakiwa tayari ya bluu, lakini huwezi kujengea biashara juu ya bahati hiyo.

Kazi ya kuchoma huanza na ukaguzi, na hapa ndipo hasara nyingi huzuiliwa. Jiwe huoshwa grafiti yote, kisha hutazamwa kwa lenzi ya kukuza mara 10 huku taa ikipita kwa nyuma. Unatafuta nyufa na vipovu vya maji au gesi. Vikipata joto hutanuka, na ufa wa milimita moja unaweza kulipasua jiwe mara mbili. Sehemu zenye kasoro hukatwa kwanza, na jiwe hupewa umbo la awali kabla ya kuingia motoni. Kuchoma jiwe ghafi zima ili kuokoa muda ni kamari.

Kisha huzikwa ndani ya mchanga laini mkavu au unga wa plasta, kwenye chombo kinachohimili moto, ili joto lilifikie sawasawa. Tanuri hupandishwa polepole hadi kati ya nyuzijoto 400 na 600 za Selsiasi, likakaa hapo kwa muda, kisha likazimwa na kuachwa lipoe lenyewe. Asiye na subira hufungua mlango mapema. Hewa baridi inaingia, na jiwe linalia "tak". Rangi iliyopatikana ni ya kudumu, haififii kwa jua wala kwa miaka.

Baada ya moto hubaki rangi mbili, bluu na zambarau, na mkataji lazima achague. Fuwele nyingi zina umbo ambalo, ukielekeza uso wa jiwe upande wa bluu, utapoteza uzito mwingi. Ukielekeza upande wa zambarau utapata jiwe kubwa zaidi. Bluu nzito hulipa vizuri kwa karati, lakini karati zenyewe zinapungua (karati moja ni gramu 0.2), kwa hiyo hesabu hufanywa jiwe kwa jiwe. Ukubwa nao una neno: mwanga ukisafiri njia ndefu zaidi ndani ya jiwe, rangi hukolea, na mawe ya chini ya karati 5 mara chache hufikia bluu ile ya kina.

Mnunuzi alitazame jiwe kwa mwanga wa mchana na pia chini ya balbu ya njano. Mchana litaegemea bluu, kwenye balbu litaegemea zambarau. Kioo cha kuigiza hakina rangi mbili kwa pande tofauti, hata ukigeuze vipi. Tazama pia kingo kwa lenzi: yamewahi kuuzwa mawe hafifu yaliyopakwa utando wenye kobalti, na utando huo huchubuka kwanza kwenye kona.

Ugumu wa tanzanite ni kati ya 6 na 7 kwenye kipimo cha Mohs, chenye ngazi 1 hadi 10, na ina mwelekeo mmoja ambao hupasuka kirahisi. Inafaa zaidi kwa hereni na kidani kuliko pete ya kuvaa kila siku. Isafishwe kwa maji ya uvuguvugu, sabuni laini na brashi laini; mashine ya kusafishia kwa mtetemo iache kabisa, na fundi akitaka kulehemu pete, alitoe jiwe kwanza.