Kesi kuondolewa sio kufutwa jamani

Juzi nipo mwaloni Kirumba, Mwanza, nasubiri mzigo, nikamkuta mama mmoja wa dagaa anaambiwa na wenzake kwamba kesi yake ya deni "imefutwa", pesa ndo basi tena, mwenyewe kainamisha kichwa. Hili neno nimelisikia likitumika vibaya mara nyingi mno, naomba leo tuelewane.

Kwa kifupi, mdai anaweza kuiomba mahakama aondoe shauri lake kabla halijaamuliwa, na akionesha lina kasoro ya kiutaratibu ambayo lazima iliangushe, au ana sababu nyingine ya kutosha, mahakama inaweza kumruhusu aondoe huku akibaki na haki ya kufungua jipya. Ipo kwenye Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya Tanzania, Amri ya 23, kanuni ya 1.

Shida ni hilo "kufuta". Ukifuta ubao maandishi hayapo tena, kwaiyo mtu akisikia kesi imefutwa anaelewa na deni limefutwa. Kuondoa ni ndugu yake kuondoka, na aliyeondoka anaweza kurudi, mtumbwi ukitolewa majini ukavutwa mchangani kuzibwa ufa bado ni mtumbwi na bado ni wako. Hata neno shauri, tulilolipata kwa Waarabu, asili yake ni kushauriana, sasa mazungumzo yakikatishwa katikati nani kashinda hapo? Hakuna. Na kuna kutupiliwa mbali, nako watu wanakuchanganya humo humo. Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki ilishaeleza tangu 1959 kwenye kesi ya Ngoni-Matengo kwamba rufaa inatupiliwa mbali pale ilipokuwa halali ikaamuliwa, ila kama haikuletwa kihalali inaondoshwa tu kwa sababu hakukuwa na cha kuamua.

Ila ruhusa lazima uiombe na uipewe. Ukiondoa kesi yako bila hiyo ruhusa, kanuni hiyohiyo inakuzuia kufungua nyingine juu ya jambo lilelile na gharama za mwenzako unaweza kubebeshwa. Halafu muda hausimami, kwa deni la mkataba ni miaka 6 na inahesabiwa kana kwamba ile kesi ya kwanza hukuwahi kuifungua, hapa ndo wengi wanaumia maana wanakaa wakidhani kesi imewatunzia nafasi.

Nikamwomba yule mama karatasi, akaifungua kwenye pindo la kanga, imekunjwa mara nne na muhuri umeanza kufifia. Mstari wa mwisho umeandikwa shauri limeondolewa kwa ruhusa ya kufungua upya. Nikamwambia mama, hii haijafutwa, huyo mtu alitakiwa akulipe lini? Akahesabu kwa vidole, ni mwaka wa nne huu. Basi muda bado upo mama, ila ukitoka hapa nenda kwa wakili wako, ile hati ya madai, yaani karatasi ya kufungulia kesi, irekebishwe na kesi ifunguliwe upya wiki hii hii.