Je, wajua? Saa sahihi ya dunia hujulikana siku zikishapita

Tuseme umeajiriwa katika kituo cha utafiti chenye kazi moja tu: kuchunga mwendo wa wakati, usije ukaharakisha wala kulegea. Siku ya kwanza unafungua mlango wa maabara na kukuta saa moja mezani. Utajuaje kama inasema kweli? Utaikagua kwa saa gani? Mwendo wa mto tunaupima tukiwa tumesimama ukingoni. Wakati hauna ukingo. Mpimaji, kipimo na chumba chenyewe vyote vimo ndani ya maji yaleyale.

Kituo hicho ni cha kubuni, lakini kazi inayokaribiana nayo ipo kweli, na hufanyika Sèvres, kando ya jiji la Paris, Ufaransa, kwenye Ofisi ya Kimataifa ya Vipimo na Mizani (BIPM). Linalonishangaza kila nikilifikiria ni kwamba hata wao hawana saa kuu ya kutazama. Wao hulinganisha. Zaidi ya saa 400 za atomu, zilizotawanyika katika maabara za nchi nyingi, hupimanishwa zenyewe kwa zenyewe kupitia setelaiti, na takwimu zake hutumwa Sèvres kupigiwa hesabu ya wastani. Saa iliyotulia hupewa uzito mkubwa, inayoyumba hupunguziwa. Wastani huo ndio msingi wa saa rasmi ya dunia, UTC.

Jedwali la hesabu hiyo hutoka mara moja kwa mwezi. Kila maabara huambiwa: siku fulani ulikuwa mbele kwa nanosekunde kadhaa (nanosekunde bilioni moja hufanya sekunde moja), siku fulani ulikuwa nyuma. Yaani saa sahihi kabisa ya dunia haijatundikwa ukutani popote. Imo kwenye karatasi, na inahusu siku ambazo tayari zimekwisha. Simu yako hupewa makadirio yake, mazuri mno kwa matumizi yetu ya kawaida.

Kwa nini atomu? Kwa sababu pendulamu huchakaa na hubadilika kwa joto, lakini atomu ya siziamu, aina ya metali, ya leo haina tofauti na ya mwaka jana, wala ya huku haina tofauti na ya kule. Tangu 1967 sekunde moja ni mitikisiko 9,192,631,770 ya mawimbi yanayolingana na badiliko moja maalumu la atomu hiyo. Katika saa bora za aina hii, atomu hupozwa kwa leza hadi zikaribie kusimama, kisha kishada chake hurushwa juu taratibu, kiasi cha mita moja, ndani ya bomba lisilo na hewa. Kinapanda na kupita kwenye mawimbi hayo, yaitwayo maikrowevu, kinafika kileleni, kinaanguka na kupita tena palepale. Mwanga wa leza unahesabu ni atomu ngapi zimebadilika. Zikipungua, mawimbi yameteleza kidogo na yanarekebishwa. Halafu kishada kingine kinarushwa, usiku na mchana.

Sasa turudi kwenye swali la kile kituo: je, mwendo wa wakati wenyewe hubadilika? Ndiyo. Einstein alilieleza hilo zaidi ya miaka 100 iliyopita: karibu na kitu kizito, wakati huenda polepole. Mwaka 2020 watafiti wa Japani walitangaza matokeo ya saa mbili walizoziweka kwenye mnara wa Tokyo Skytree, moja chini na nyingine mita 450 juu. Ya juu ilitangulia kwa takriban nanosekunde nne kila siku. Hakuna iliyokosea. Kila moja ilisema ukweli wa mahali ilipo.

Kwenye setelaiti za GPS, zilizo kilomita 20,000 hivi juu yetu, tofauti hufika mikrosekunde 38 kwa siku (mikrosekunde milioni moja hufanya sekunde moja), hata ukishatoa upungufu unaoletwa na kasi yake, kwani mwendo wa kasi nao huchelewesha wakati. Isingesahihishwa, kosa la kuonyesha mahali ulipo lingeongezeka kwa takriban kilomita 10 kila siku. Ndiyo maana maabara zenye saa za rejea lazima zijue kimo chake juu ya usawa wa bahari kabla saa hizo hazijatumika kunyoosha wastani wa dunia.

Dunia nayo ina mambo yake, kwani haizunguki kwa kasi moja. Tangu 1972 imebidi kuongeza sekunde 27 ili saa za atomu zisiachane na mzunguko huo, ya mwisho ikiwa Desemba 31, 2016. Zilitatiza kompyuta mno, na mwaka 2022 mataifa yaliafikiana kuachana na utaratibu huo ifikapo 2035.

Mwaka huohuo wa 2022, watafiti wa Boulder, Marekani, walionyesha kwamba wakati hutofautiana hata ndani ya wingu la atomu lenye kimo cha milimita moja. Kwa usahihi wa namna hiyo, saa inageuka kuwa kipimo cha kimo. Shida ni kwamba ardhi yenyewe haitulii: Mwezi na Jua huivuta, sakafu ya maabara ikapanda na kushuka kwa makumi ya sentimita bila mtu aliyesimama juu yake kuhisi chochote. Saa inahisi.