Wazimu wa George Ohr ulikuwa tangazo la biashara

Bado wapo wanaosema vyungu vya George Ohr wa Biloxi, Mississippi, vilipinda kwa sababu mfinyanzi mwenyewe alikuwa na wazimu. Sivyo. Jina la "Mfinyanzi Kichaa" alilitumia mwenyewe kuvutia wateja, pamoja na yale masharubu yake marefu ajabu.

Kitazame chungu chake kwa karibu: ukuta mwembamba kama ganda la yai. Alikiinua kwanza kwenye gurudumu la kufinyangia kikiwa sawasawa, ndipo akakikunja na kukibonyeza udongo ungali mbichi. Mkono usio na ustadi ungekibomoa palepale.

Alifariki mwaka 1918. Maelfu ya vyungu vyake vilibaki vimehifadhiwa na familia kwa miaka zaidi ya hamsini, hadi muuza vitu vya kale alipovinunua vyote.