Mahakama inapokataa kusikiliza shauri la maslahi ya umma: maana yake

Shauri la maslahi ya umma ni lile linalofunguliwa si kwa kudai fidia ya mtu binafsi, bali kulinda haki za wengi au Katiba yenyewe. Msingi wake nchini Tanzania ni ibara ya 26(2) ya Katiba ya mwaka 1977, ambayo Jaji Lugakingira, katika shauri la Mchungaji Christopher Mtikila la mwaka 1993, aliitafsiri kuwa inamruhusu mtu kuitetea Katiba mahakamani hata kama hakuguswa yeye mwenyewe. Mahakama ikikataa kulisikiliza, shauri huishia kwenye pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria ya kutaka lisisikilizwe, aghalabu ya upande wa Serikali, kabla hoja yake ya msingi haijaguswa. Si sahihi basi kusema, kama isemwavyo vijiweni, kwamba mlalamikaji ameshindwa kesi.

Tuchukue mfano wa kubuni. Mwalimu wa Lindi mjini, asiye na hata mkorosho mmoja, anafungua shauri Mahakama Kuu, Kanda ya Mtwara, kupinga makato yanayofanywa kwenye malipo ya wakulima baada ya mnada wa korosho. Marekebisho ya mwaka 2020 ya Sheria ya Utekelezaji wa Haki na Wajibu wa Msingi yaliweka sharti kwamba mwombaji aambatanishe kiapo kinachoeleza jinsi alivyoathirika binafsi, na hapo mwalimu hana la kuapa. (Sharti hilo lenyewe limepingwa mahakamani, na kwa maoni yangu lilistahili kupingwa.) Akija mkulima wa Newala aliyekatwa fedha zake kupitia chama cha msingi cha ushirika, kiapo anacho, lakini ataulizwa kama alikwisha kupeleka malalamiko kwa Mrajisi wa Vyama vya Ushirika, kwa kuwa kifungu cha 8(2) cha sheria hiyo kinaizuia Mahakama Kuu kutumia mamlaka yake pale inaporidhika kwamba nafuu ya kutosha inapatikana chini ya sheria nyingine.

Sababu iliyo ngumu zaidi ni siasa. Mwaka 2010 Mahakama ya Rufani, ikiwa na majaji saba, ilisikiliza suala la mgombea binafsi, yaani anayegombea bila kupitia chama cha siasa, lililotokana na shauri jingine la Mtikila, kisha ikasema ni la kisiasa na mwenye kuliamua ni Bunge. Mwaka 2013 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyoko Arusha, iliona suala hilohilo ni la haki na ikaamua kuwa Tanzania imekiuka Mkataba wa Afrika wa haki hizo.

Maneno ya uamuzi nayo yasomwe kwa makini. Shauri lililoondolewa kwa kasoro ya taratibu laweza kufunguliwa upya kasoro ikirekebishwa, ilhali lililotupwa baada ya kuamuliwa hubakiwa na njia ya rufaa. Hivyo mkulima wetu, kama ombi lake liliondolewa tu, anaweza kwenda kwanza kwa Mrajisi, na akikosa nafuu huko arudi Mahakama Kuu na ombi jipya.