Je, wajua? Kwa nini hotuba ya wakili mpole wa Wales ilimng'oa Margaret Thatcher

Alasiri ya Jumanne, 13 Novemba 1990, Sir Geoffrey Howe alisimama kwenye viti vya nyuma vya Bunge la Uingereza, wanakokaa wabunge wasio mawaziri, akasoma hotuba isiyofika dakika 20. Siku tisa baadaye Waziri Mkuu Margaret Thatcher, kiongozi wa chama chake cha Conservative aliyekuwa madarakani miaka 11 na nusu, alitangaza kwamba anaondoka.

Howe hakuwa mtu wa kutikisa ukumbi. Alisema taratibu, kwa sauti ya chini isiyopanda wala kushuka. Mwaka 1978 Denis Healey, Waziri wa Fedha wa chama cha Labour, alisema kushambuliwa na Howe ni kama kuraruliwa na kondoo mfu. Sasa nguvu ile ilitoka wapi? Ilitoka mahakamani.

Howe alizaliwa mwaka 1926 Port Talbot, kusini mwa Wales. Uingereza ina mawakili wa aina mbili: anayekaa na mteja ofisini na kuandaa makaratasi, na anayevaa wigi akaisema kesi mbele ya jaji. Baba yake alikuwa wa aina ya kwanza. Yeye alisoma sheria Cambridge, na mwaka 1952 akawa wa aina ya pili. Kabla ya chuo alipita huku kwetu: alikuwa luteni wa kikosi cha mawasiliano cha jeshi la Uingereza Afrika Mashariki, akapanda Kilimanjaro, na kwa maelezo yake mwenyewe alitoa mihadhara kwa Kiswahili akiwaasa Waafrika waepuke ukomunisti na wabaki watiifu kwa mfalme wa Uingereza, "Bwana Kingy George". Ulikuwa ujumbe wa mkoloni, na historia haikuufuata.

Siasa zilimkataa kwanza. Aligombea Aberavon, jirani na alikozaliwa, mwaka 1955 na 1959, akashindwa zote mbili. Aliingia Bungeni mwaka 1964 kupitia Bebington, akapoteza kiti mwaka 1966, akarudi kwenye uwakili. Miaka hiyo ya nje ya Bunge ndiyo iliyomnoa. Oktoba 1966 kilima cha taka za makaa ya mawe kiliporomokea kijiji cha Aberfan na kuua watu 144, watoto 116 miongoni mwao. Katika uchunguzi uliofuata Howe aliwawakilisha mameneja wa migodi. Kisha akapewa kuongoza uchunguzi wa hospitali ya Ely, Cardiff, baada ya mtumishi mmoja kulipelekea gazeti malalamiko ya wagonjwa wa akili kuteswa. Howe hakuishia kuwataja wauguzi wakorofi. Alifuata uzi hadi kwa wasimamizi na mfumo uliowaacha wagonjwa bila mtetezi, akashikilia ripoti itolewe nzima. Ilitoka nzima mwaka 1969. Ukiisoma kazi ile unaiona mbinu yake: weka ushahidi mezani kipande kwa kipande, usipandishe sauti, acha msikilizaji afike mwenyewe kwenye hukumu.

Mwaka 1970 alirudi Bungeni akawa naibu wa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na akashughulikia sheria ya mwaka 1972 iliyoiingiza Uingereza katika Jumuiya ya Ulaya. Thatcher aliposhinda mwaka 1979 alimfanya Waziri wa Fedha. Bajeti yake ya kwanza ilishusha kodi ya juu kabisa ya mapato kutoka asilimia 83 hadi 60, ikapandisha kodi ya ongezeko la thamani hadi asilimia 15. Mfumuko wa bei ulipanda kwanza, ukapita asilimia 20 mwaka 1980, ndipo ukashuka. Wasio na ajira walizidi milioni 3. Sera zilizoitwa za Thatcher zilipita mikononi mwake, na kufikia 1990 ni yeye peke yake aliyebaki, ukimwacha Thatcher, katika baraza la mawaziri la 1979. Mpinzani angesema maneno yaleyale yangepeperuka. Yeye alikuwa shahidi wa ndani.

Ugomvi ulikuwa Ulaya. Tarehe 30 Oktoba 1990 Thatcher alijibu mipango ya muungano wa Ulaya kwa maneno matatu: "Hapana. Hapana. Hapana." Tarehe 1 Novemba Howe, wakati huo Naibu Waziri Mkuu, alijiuzulu.

Desturi ya Bunge lile ni kwamba anayejiuzulu husikilizwa bila kukatizwa wala kuulizwa maswali. Kwa wakili mwenye sauti ya chini, hakuna uwanja bora zaidi. Kamera za televisheni nazo zilikuwa zimeruhusiwa ukumbini mwaka mmoja tu kabla.

Kwanza alifunga mlango wa utetezi. Upande wa serikali ulidai tofauti zao ni za mtindo tu; akasema basi yeye ni waziri wa kwanza katika historia kujiuzulu kwa sababu anaafiki kabisa sera za serikali. Kisha akatoa ushahidi: mwaka 1989, kabla ya mkutano wa viongozi wa Ulaya mjini Madrid, yeye na Nigel Lawson, Waziri wa Fedha wa wakati huo, walilazimika kumwambia Thatcher hawatabaki kazini bila ahadi ya kujiunga na mfumo wa Ulaya wa viwango vya kubadilisha fedha. Lawson alikuwa ameketi kando yake akisikiliza.

Usiku wa kuamkia siku ile Thatcher alikuwa amejisifu kwa lugha ya kriketi kwamba bado yuko uwanjani na atapiga kila mpira. Howe alijibu kwa mchezo huohuo. Kumtuma Waziri wa Fedha na Gavana wa Benki Kuu ya Uingereza kujadiliana Ulaya, alisema, ni kama kuwaingiza wapigaji wa kwanza uwanjani, halafu mipira ya mwanzo inaporushwa wanagundua magongo yao yamevunjwa kabla ya mchezo, tena na nahodha wao.

Hakumwambia Thatcher aondoke. Alimalizia kwa kusema wakati umefika wengine nao watafakari jibu lao kwa mgongano wa utiifu ambao yeye ameshindana nao pengine kwa muda mrefu mno. Ndivyo wakili anavyoliachia kesi baraza la wazee wa mahakama.

Kesho yake Michael Heseltine, mbunge wa chama hichohicho, alitangaza kugombea uongozi wa chama dhidi ya Thatcher. Kanuni za chama zilitaka mshindi wa duru ya kwanza apate zaidi ya nusu ya kura na pia ampite mpinzani kwa asilimia 15 ya wabunge wote wa chama. Wabunge walikuwa 372, kwa hiyo pengo lilipaswa kuwa kura 56. Tarehe 20 Novemba Thatcher alipata 204, Heseltine 152, na 16 hawakumchagua yeyote. Pengo: 52. Wabunge wawili tu wangehama kutoka kwa Heseltine kwenda kwake, angeshinda siku ileile. Alikwenda kuwauliza mawaziri wake mmoja mmoja, wengi wakamwambia hatashinda duru ya pili, akajitoa. Aliyeshinda ni John Major, Waziri wake wa Fedha.

Howe hakugombea. Mwaka 1992 aliingia Bunge la Malodi kwa jina la Lodi Howe wa Aberavon, jimbo lilelile lililomkataa mara mbili, akakaa humo hadi 2015, mwaka aliofariki.