Kuandika kesi ambayo hukumu yake kila mtu anaijua

Mimi huandika miswada ya tamthilia za televisheni, na vijana wanaojifunza kazi hii huniuliza mara kwa mara namna ya kuisimulia kesi ya mauaji ambayo mwisho wake mtazamaji anaujua tangu zamani. Huwa nawapeleka kwenye tamthilia ya sehemu 10 iliyorushwa na kituo cha FX cha Marekani mwaka 2016, kuhusu O.J. Simpson, nyota wa zamani wa kandanda ya Kimarekani, aliyeshtakiwa kuwaua Nicole Brown Simpson, mke wake waliyekuwa wameachana, na Ronald Goldman, usiku wa tarehe 12 Juni 1994 mjini Los Angeles. Kesi yenyewe ilirushwa moja kwa moja, na tarehe 3 Oktoba 1995 mamilioni ya watu walimshuhudia akiachiwa huru.

Kwa hiyo hukumu haikufichika. Waandishi walichocheza nacho ni nani anajua nini, na kwa wakati gani. Chukua glavu. Tarehe 15 Juni 1995 mwendesha mashtaka Christopher Darden alimtaka Simpson avae glavu za ngozi zilizotolewa kama ushahidi kuwa ndizo alizovaa muuaji, naye akazivuta kwa shida juu ya glavu nyembamba za mpira. Watu walioko nyumbani waliona hayo tu. Tamthilia inatutanguliza kidogo: wakati wa mapumziko wakili wa utetezi anaijaribu glavu mkononi mwake, anaona inavyombana, na kuanzia hapo sisi tunaujua mtego ambao Darden anauendea kwa miguu yake mwenyewe. Mkono unapokwama hatushangai, bali tunamwonea uchungu. Vivyo hivyo, sehemu nzima inakaa na wazee wa mahakama, yaani raia walioteuliwa kuamua kesi, waliofungiwa hotelini kwa zaidi ya miezi 8, ili watakapoafikiana kwa muda usiofika saa 4 tuelewe uchovu na hasira walizobeba.

Lakini kuna jambo moja nisilokubaliana nalo, nalo ni jinsi marehemu wawili wanavyopewa nafasi ndogo mno kuliko mawakili. Goldman alikuwa na umri wa miaka 25. Usiku ule alikuwa anapeleka miwani ambayo mama yake Nicole aliisahau kwenye mgahawa alikokuwa mhudumu. Kama kalamu ingekuwa mkononi mwangu, ningeanzia hapo mgahawani, zamu inapokwisha, miwani ikitiwa ndani ya bahasha.