Yanayosemwa kuhusu Kinuyo Tanaka, na yaliyo kweli

Waulize wapenzi wa sinema wakutajie waongozaji wakubwa wa Japani wa miaka ya 1950. Majina ni yaleyale: Kurosawa, Ozu, Mizoguchi, pengine na Naruse. Kinuyo Tanaka akitajwa, hutajwa kama mwigizaji aliyecheza kwenye filamu za hao. Na kweli alikuwa mwigizaji, tena wa aina yake. Alizaliwa Shimonoseki mwaka 1909, akaingia kampuni ya Shochiku mwaka 1924 akiwa na miaka 14, akapitia enzi ya filamu bubu. Mwaka 1931 alicheza katika Madamu to nyobo, filamu ya kwanza ya Kijapani yenye sauti iliyofana. Filamu alizoigiza maisha yake yote zinapita 200. Lakini kati ya mwaka 1953 na 1962 aliongoza filamu 6, na hapo ndipo maneno yasiyo na kichwa wala miguu yanapoanzia.

"Ndiye mwanamke wa kwanza kuongoza filamu Japani"

Siye. Tazuko Sakane alimtangulia kwa miaka 17, kwa filamu yake Hatsusugata ya mwaka 1936. Sakane alikuwa msaidizi wa Kenji Mizoguchi. Wakati wa vita alikwenda Manchuria, eneo la kaskazini mashariki mwa China lililokuwa mikononi mwa Japani, akatengeneza filamu za hali halisi, na aliporudi nyumbani baada ya vita hakupewa tena kiti cha mwongozaji. Akabaki kushika daftari la kumbukumbu za upigaji picha kwenye filamu za wengine. Wanaompa Tanaka sifa hii huenda wana nia njema, ila wanamnyang'anya Sakane, na yeye alishanyang'anywa vya kutosha.

"Alikimbilia kuongoza baada ya umri kumtupa mkono"

Dhana hii ina chanzo chake. Oktoba 1949 Tanaka alipelekwa Marekani kama balozi wa nia njema. Aliondoka amevaa kimono. Aliporudi Januari 1950 alikuwa na miwani ya jua na nguo za Kimarekani, akiwasalimu watu kwa Kiingereza na kuwarushia mabusu. Nchi ilikuwa imeshindwa vita, majeshi ya Marekani bado yanaikalia, na watu wengi wana njaa. Magazeti yakamrarua. Kuanzia hapo ikasemwa kwamba nyota yake imezimika, na kwamba kuongoza filamu kulikuwa kujitafutia riziki kwingine.

Tazama miaka inavyosema. Mwaka 1952 alikuwa Oharu katika Saikaku ichidai onna, filamu iliyopata tuzo kwenye tamasha la Venice, na wengi tunaiona kuwa kazi yake kubwa kuliko zote mbele ya kamera. Mwaka 1953 akacheza Ugetsu monogatari, nayo ikapata Simba wa Fedha hukohuko Venice. Mwaka huohuo ndio alioongoza filamu yake ya kwanza. Mtu huyo hakuwa ameishiwa kazi. Alikuwa kileleni, na kutoka kileleni akaenda kukaa chini kama mwanafunzi: kabla ya kushika filamu yake mwenyewe, alifanya kazi chini ya mwongozaji Mikio Naruse kwenye filamu yake Ani imoto ili aione kazi kutoka upande wa pili wa kamera. Hebu fikiria, mwigizaji ambaye Japani nzima inaijua sura yake, mwenye karibu miaka 30 kazini, anajifunza namna ya kupanga siku ya kupiga picha. Kwangu mimi, hilo peke yake linatosha kumaliza mjadala.

Filamu yenyewe ni Koibumi, yaani "barua ya mapenzi". Mwanajeshi wa zamani anaishi Tokyo kwa kuwaandikia wanawake barua za Kiingereza kwa wanajeshi wa Kimarekani waliowaacha. Siku moja anayekuja kuandikiwa barua ni mwanamke aliyempenda yeye mwenyewe tangu ujana. Mwanajeshi huyo anamfuata mwanamke, anamhukumu, anamwaga ukali wake wote. Tanaka alijipa nafasi ndogo humo, mteja mmojawapo wa mwandishi wa barua, kana kwamba amejipanga kwenye foleni na wale waliokuwa wakinyooshewa vidole. Ukikumbuka alivyopokewa yeye mwaka 1950, filamu hii inasomeka vingine kabisa. Iliingia kwenye mashindano ya Cannes mwaka 1954.

"Mizoguchi ndiye aliyemfungulia mlango"

Hili ndilo linalonikera zaidi, maana ni kinyume cha yaliyotokea. Ni rahisi kuona linakotoka: wawili hao walifanya kazi pamoja miaka mingi, na filamu zao za mwaka 1952 hadi 1954 ziliipeleka sinema ya Japani duniani. Msikilizaji anajijazia mwenyewe kwamba bwana mkubwa alimshika mkono mwigizaji wake.

Tanaka alipotaka kuongoza filamu ya pili, Tsuki wa noborinu, chini ya kampuni ya Nikkatsu, Mizoguchi ndiye aliyekuwa akikiongoza Chama cha Waongozaji wa Filamu cha Japani, na alipinga. Hakuona kwamba kazi hiyo ni ya Tanaka. Aliyesimama upande wa Tanaka ni Yasujiro Ozu, ambaye muswada wa filamu hiyo ulikuwa wake pamoja na Ryosuke Saito, na hakurudi nyuma. Filamu ikatoka mwaka 1955. Uwasa no onna ya mwaka 1954 ikabaki kuwa filamu ya mwisho ya Mizoguchi na Tanaka pamoja. Mizoguchi alifariki mwaka 1956. Waliomsaidia kweli wapo, na majina yao yanajulikana: Naruse aliyemfundisha, Keisuke Kinoshita aliyemwandikia muswada wa Koibumi, na Ozu. Wa kushukuriwa ni hao.

"Basi filamu zake ni Ozu kwa jina lingine"

Kwa Tsuki wa noborinu, kidogo, ndiyo. Muswada ni wa Ozu, na utulivu wa nyumba ile ya Nara ni wake. Lakini baadaye mwaka huohuo wa 1955, Tanaka alitoa Chibusa yo eien nare, na hapo hakuna Ozu wa kumsingizia. Muswada uliandikwa na mwanamke, Sumie Tanaka, ambaye hakuwa ndugu yake ila walilingana jina la ukoo. Kisa ni cha Fumiko Nakajo, mshairi wa tanka, mashairi mafupi ya Kijapani, kutoka kisiwa cha Hokkaido, aliyefariki kwa saratani ya matiti Agosti 1954 akiwa na miaka 31. Alikuwa na mwaka mmoja na ushei kaburini filamu ilipotoka.

Kuna mahali Fumiko, akiwa ameshakatwa matiti, anaomba kuoga nyumbani kwa rafiki yake, mjane wa mwanamume aliyempenda kimyakimya. Anataka kuoga kwenye pipa lilelile alimokuwa akiogea huyo marehemu. Anamwambia hivyo rafiki yake, na rafiki anamwona alivyo, kifua na makovu yake, anageuza uso. Tanaka hakuweka muziki wa kuliza watu wala hakumgeuza Fumiko kuwa malaika wa wodini. Mgonjwa huyu ana tamaa, ana hasira, anataka mapenzi hata kitandani pa hospitali. Sijui mwongozaji mwingine wa muongo ule, awe wa Japani au wa kwingine, aliyethubutu kumwonyesha mwanamke mgonjwa namna hiyo. Kama kuna filamu moja ya Tanaka ya kuanza nayo, ni hii.

Zilizobaki ni Ruten no ohi ya mwaka 1960, ya rangi, kuhusu mwanamke wa Kijapani aliyeozwa katika ukoo wa mfalme wa Manchuria. Onna bakari no yoru ya mwaka 1961, kuhusu wanawake walioachana na ukahaba baada ya sheria kuupiga marufuku. Na Ogin-sama ya mwaka 1962, chini ya kampuni iliyoanzishwa na waigizaji wanawake. Hakuwa na studio moja ya kumlea. Kila filamu, au karibu kila filamu, ilimbidi abishe hodi upya.

"Baada ya hapo alisahaulika"

Kama mwongozaji, ndiyo, kwa muda mrefu. Ilifika mwaka 2021 ndipo filamu zake 6 ziliposafishwa na kuanza kuzunguka kwenye matamasha, Cannes ikiwemo. Lakini kama mwigizaji alikuwa bado na neno la kusema. Mwaka 1974 alikuwa Osaki katika Sandakan hachiban shokan ya Kei Kumai, bibi kizee wa Amakusa ambaye utotoni aliuzwa kwenye danguro huko Borneo. Wasichana kama Osaki waliitwa karayuki-san, na walisambazwa mbali mno. Wapo waliofika hadi Unguja. Kazi hiyo ilimpa Tanaka tuzo ya Dubu wa Fedha ya mwigizaji bora wa kike mjini Berlin mwaka 1975. Alifariki Machi 1977.

Katika filamu hiyo, mwandishi aliyekuwa akiishi na Osaki ili asikie habari zake anaaga kuondoka, anamuuliza amwachie nini. Osaki haombi pesa. Anaomba taulo, lile ambalo mgeni wake amekuwa akilitumia, ili kila akilishika amkumbuke. Anapewa. Analipokea kwa mikono miwili, analiweka usoni, na analia humo ndani ya kitambaa, tusimwone.